Kesi ya Kilima na Sanduku la Nguo

Siku tulipoondoa kesi, watu walinipa mkono. Pale nje ya tribinali, mahakama yetu, chini ya ile mikaratusi inayoangusha maganda mwaka mzima, wanawake wa mtaa wetu waliokuja kunisindikiza walipiga hata vigelegele, vile vidogo vya kuziba mdomo kwa kiganja. "Mama, umeshinda!" Nimeshinda nini? Niliwauliza hivyo hivyo, kwa hasira, na mmoja wao akanibana mkono akininong'oneza ninyamaze, watu wa upande wa pili wanatutazama. Mimi nimefundisha watoto wa darasa la kwanza kusoma tangu nikiwa msichana mpaka mgongo ukakataa. Ninajua kushinda ni nini, na ninajua kutoshindwa ni nini, na hayo si neno moja. Lakini siku ile nilinyamaza, nikapokea mikono ya watu.

Kesi yenyewe ilikuwa hii. Mwanangu wa kwanza yuko ndani ya kilima. Sisemi alifia kilimani, nasema yuko ndani. Alikuwa na diploma ya umeme, tuliitundika ukutani ndani ya fremu, na kazi ya umeme asiipate, kwa hiyo akashuka shimoni kama vijana wengine wa Kolwezi, kamba kiunoni, taa kichwani. Nilipiga kelele, usiseme. Nilimwambia: babu yako aliletwa toka Kasai na Wazungu kuchimba shaba yao, baba yako akachimba mpaka kifua kikajaa vumbi, na wewe unatafuta nini tena kule chini? Akacheka. Alikuwa na kicheko cha kuudhi, cha mtu anayejua utamsamehe kabla bukari, ugali wa huku, haijaiva.

"Mama," akasema, "babo balichimbia bengine. Mi najichimbia mwenyewe."

Mvua zilikuwa mbaya mwaka ule. Shimo lao lilikuwa upande wetu wa kilima tunachokiona toka lupango, yaani uwanja wa nyumba yetu, na mdomoni mwa shimo wachimbaji walikuwa wameacha mti mmoja wa muyombo ili wapate kivuli cha kulia chakula. Asubuhi moja udongo ulishuka. Wenzake waliokuwa juu walivuta kamba yake, ikaja nyepesi, haina mtu. Walichimba kumtafuta, tena walichimba kwa moyo, siwezi kuwasingizia. Maji yakajaa, wakateka maji. Mvua ikarudi, udongo ukashuka tena. Kisha yakaja magari, tukaambiwa kilima kimepewa kampuni, na kabla hatujajua tumlilie nani, uzio ukasimama pale na walinzi na mbwa. Mwanangu akabaki upande wa ndani wa uzio. Kilichobaki kwangu ni kichwa cha ule muyombo. Nikiwa jikoni kwangu nje, nikiinua macho toka kwenye sufuria, nauona.

Sasa hapa lazima nieleze kilio, kwa sababu kila kitu kilichofuata kilitoka hapo. Katika ukoo wa mume wangu, mtu akifa mkeka unatandikwa uwanjani, moto unawashwa, na wanawake wanalala nje mpaka marehemu azikwe. Mjane hachani nywele, haendi sokoni, hapiki, anakaa tu pale mkekani. Akishazikwa mtu, watu wanaoga, majivu yanafagiliwa, mkeka unakunjwa, na kila mtu anarudi kwenye maisha yake. Je, kama hakuna wa kuzika? Mkeka unabaki. Tulikaa tukakaa. Wageni walianza kupungua, mashemasi wa parokia walikuja wakaomba wakachoka, na mkamwana wangu, mjane wa mwanangu, pale mkekani tumbo lake lilikuwa limefika kooni. Alikuwa karibu kuzaa. Wazee wa kike wakasema wazi: mtoto hazaliwi juu ya mkeka wa kilio, atakuja duniani na kifo mgongoni.

Aliyekata neno ni shemeji yangu, kaka mkubwa wa marehemu mume wangu. Ni mtu wa maneno machache na maamuzi mengi. Alisema tutanunua sanduku, tutaweka nguo zake, tutazika nguo, kilio kitafungwa. Wala si yeye aliyeanzisha jambo hilo. Hapa Kolwezi, familia zilizoachiwa kamba tupu zinafanya hivyo. Tukaweka shati lake la harusi, suruali ya Jumapili, na viatu nilivyovipaka rangi mwenyewe. Shemeji akaenda peke yake mpaka kwenye uzio, akawabembeleza walinzi, na jioni akarudi na beseni la udongo kichwani, mwanaume mzima mwenye mvi, kabeba beseni kama mama anayetoka sokoni. Udongo wa mdomoni mwa shimo, chini ya muyombo. Udongo wa kilima kile si mwekundu kama huu wetu. Una chembe za kijani ndani yake, kijani cha ukungu wa mkate, kila mtu wa huku anaujua. Akaumimina juu ya nguo, taratibu. "Akuwe na kitu ya pale," alisema, na kwa mara ya kwanza nikamwona analia.

Tukazika. Tuliimba, tulilia, tulibeba lile sanduku begani kana kwamba lina mtu, na karibu na kaburi la baba yake tukasimamisha msalaba ambao seremala aliuandika kwa rangi nyeupe kama anavyoandika misalaba yote: HAPA AMELALA, na jina la mwanangu. Hakuna aliyeyafikiria maneno yale. Nani angeandika msalabani HAPA ZIMELALA NGUO? Tulioga, tukakunja mkeka. Wiki haikuisha, mkamwana akajifungua msichana, mzima, mwenye kilio kikubwa mpaka majirani wakacheka. Nilimshukuru shemeji. Namshukuru mpaka leo, na bado lile sanduku ndilo lililotumaliza.

Mtoto alikuwa ameshaanza kutembea na kuvunja vikombe vyangu ilipotangazwa kwamba kampuni itapanua machimbo yake kwa upande wetu wa kilima. Watu wa mtaa walikuwa na wasiwasi wa nyumba zao, nyufa, vumbi. Mimi sikuwa na neno na nyumba. Nilifikiria jino la ile mashine, lile la kuchota, likipita pale chini ya muyombo na kumchota mwanangu pamoja na mawe, kumtupa ndani ya lori, lori kuelekea Fungurume, au behewa kuelekea Dilolo na nje ya nchi, na kule atasagwa. Nilikuwa naliona jambo hilo nikiwa natwanga sombe, majani ya muhogo. Mchi unashuka, naliona. Nikaacha kutwanga, nikavaa vizuri, nikaenda kutafuta avoka, wakili wa kunisemea.

Nilimpata kijana mwembamba, koti limemzidi mabega, ofisi yake ni chumba kimoja nyuma ya duka la dawa. Sikumpenda. Alikuwa anaongea Kifaransa hata na sufuria yake ya chai. Lakini alinisikiliza mpaka mwisho bila kutazama simu, na nilipomaliza alivua miwani akaifuta muda mrefu. Akasema: "Mama, tutaomba kitu kimoja tu. Basichimbe ile kona mpaka mutoto atoke." Sikutaka kitu kingine chochote. Sikutaka fidia, sikutaka nyumba mpya. Nilitaka mifupa ya mwanangu ndani ya sanduku, na jina lake juu yake, kwa haki.

Na mwanzoni, Mungu alinionea huruma, au alinitania, sijui. Jaji alitoa amri ya muda: kona ile, toka uzio mpaka upande wa pili wa muyombo, isiguswe mpaka kesi iishe. Isiguswe! Nilirudi nyumbani kama niliyepewa mtoto upya. Miezi ile mashine zilinguruma upande mwingine wa kilima, na mimi nilipika nikiutazama mti wangu, nikamwonyesha mjukuu: ona kule, ule mti, baba yako yuko pale. Akanyoosha kidole chake akasema "Baba." Mkamwana alikuwa amesimama mlangoni, akageuka akaingia ndani.

Halafu ikaja siku ya picha. Avoka wa kampuni, mtu mnene, mpole, mwenye sauti ya padri, alisimama akasema anamheshimu sana mama huyu na uchungu wake. Mtu akianza kwa kuheshimu uchungu wako, shika kiti. Akatoa picha kubwa, akampa jaji. Ilikuwa picha ya msalaba wetu. HAPA AMELALA. Jina la mwanangu, rangi nyeupe, hata ua la plastiki alilolifunga mkamwana lilionekana.

"Mheshimiwa Jaji," akasema, "marehemu amezikwa na familia yake mwenyewe, mbele ya watu, mbele ya Kanisa. Basi hapa tunatafuta nani?"

Jaji akanigeukia. Hakuwa mtu mbaya. Akaniuliza kwa Kiswahili: "Mama, nani amelala mule?"

Nikasema: "Manguo."

Ukumbi ukacheka. Si wote, lakini walicheka, na damu ikanipanda kichwani. Nikasimama, nikawaambia cheka, cheka vizuri, siku utakapovuta kamba ya mwanao ikaja tupu, nitakuja kwako na mimi nicheke. Maître, ndivyo tunavyomwita avoka, kijana wangu yule, alinivuta gauni niketi. Jaji aligonga meza akasema kesi itatolewa hukumu kikao kijacho, na avoka wa kampuni akakusanya karatasi zake polepole, bila haraka hata kidogo.

Tulitoka nje, Maître akaninunulia soda ambayo sikuinywa. Hapo ndipo alipotaja neno lile kwa mara ya kwanza: dezistema. Tuiondoe kesi.

"Wewe una wazimu?" nikamwuliza. "Tumefika huku ili tukimbie?"

Akanieleza, na niseme ukweli, alieleza kama mwalimu mzuri, nami ninawajua walimu. Akasema jaji hana ushahidi wa nguo, ana ushahidi wa msalaba. Akikata kesi leo, ataikata dhidi yetu. Ataandika kwamba mwanangu ameshazikwa, na neno hilo likishaandikwa kwenye hukumu, hakuna tribinali itakayotufungulia mlango tena, milele. Lakini tukiondoa kesi kabla hajaikata, anakuwa hajasema kitu. Hoja zetu zinabaki mikononi mwetu, nzima. Tunakwenda kutafuta ushahidi, tunarudi nao.

"Kuna kuacha kesi, mama, na kuna kuacha haki. Sisi tunaacha kesi tu. Tunaondosha sufuria kwa moto, hatumwage chakula."

"Na amri?" nikasema. "Ile ya kona?"

Akavua tena ile miwani yake. Amri ilikuwa imetolewa mpaka kesi iishe, na kesi ikiondolewa, imeisha. Ingeanguka siku ileile. Akasema mashine zao bado ziko mbali, upande ule wana kazi ya kutosha, tutafanya haraka. Na tukibaki tukashindwa, amri itaanguka vilevile, na haki itaanguka pamoja nayo. Niligeuza maneno yake huku na huku nikitafuta mahali alipokosea, kama ninavyotafuta kosa kwenye daftari la mtoto ninayejua amenakili. Sikuliona. Ndiyo maana nilikubali, na ndiyo maana sijaweza kumchukia, ingawa nimejaribu.

Siku ya kuondoa, yule avoka mnene hakukubali kirahisi. Alisimama akasema, kama mama anaondoka, aondoke kabisa: atamke mbele ya tribinali kwamba anaacha kesi na anaacha haki yake ya kudai jambo hili siku zote. Hapo ndipo nilipomwona kijana wangu akiwa avoka. Koti lilimkaa. Alisema hapana. Alisema mteja wangu anaondoa ombi hili, leo, na hakuna hoja hata moja anayoiacha, si ya mwili, si ya mahali, si ya kaburi, na anaomba tribinali iandike hivyo. Walibishana kwa Kifaransa kirefu. Jaji akaandika, akasoma: ombi limeondolewa, haki na hoja za mama zinabaki kama zilivyo. Ndipo wanawake wangu wakapiga vile vigelegele, nami nikapewa mkono. Niliporudi nyumbani kitu cha kwanza nilichofanya ni kwenda jikoni kuutazama mti. Ulikuwepo.

Ushahidi ulikuwa mmoja tu, na kila mtu aliujua kabla Maître hajautaja: kufungua sanduku.

Shemeji aliposikia alisimama akataka kuondoka. Nilimzuia mlangoni. "Tata, naomba, keti." Hakuketi. Akasema sanduku likifunguliwa, kilio kimefunguliwa. Tulioga kwa sababu tulizika. Tukithibitisha kwamba hatukuzika, basi hatukuoga, na mkeka unarudi uwanjani. "Na huyu?" akasema, akimwonyesha mkamwana kwa kidevu. Maana kulikuwa na mtu wa Lubudi, mfanyakazi wa reli, mtaratibu, na wazee wake walikuwa wameshakuja kwetu mara ya kwanza kujitambulisha. Nilikuwa nimewapikia kuku. Mjane aliye kwenye mkeka haposwi. Shemeji alilisema lote hilo bila kupandisha sauti.

Nikamtazama binti yule. Nilitaka aseme hapana, nipate wa kumlaumu. Alikuwa anamfunga mtoto mgongoni, akakaza kitambaa, akasema, "Mama, fungua. Kama haiko mule, mi nilizika nani?" Kisha akaenda kuchota maji.

Ruhusa ya kufungua kaburi ilichukua muda. Inatoka huku, inakwenda kule, mkubwa hayupo, muhuri hauko, rudi kesho. Mashine nilizisikia zikibadili sauti, na siku moja nikatambua kwamba sauti haitoki tena nyuma ya kilima, inatoka ubavuni. Nikampigia Maître. Akasema, mama, tunakaribia.

Walichimba mchana, jua kali. Tulikuwa mimi, mkamwana, Maître, karani wa tribinali, afisa wa komini, serikali ya mtaa, aliyejifunika pua kwa leso kabla ya wakati, na wachimba kaburi. Shemeji hakuja. Sanduku lilikuwa la mbao rahisi, limeoza pembeni, kifuniko kikavunjika kilipoguswa. Mle ndani shati lilikuwa na madoa, limeshikana na suruali, viatu vimekunjamana, na juu ya yote ule udongo wa kijani, umekauka kama keki. Mkamwana alipiga magoti. Mimi nilibaki nimesimama. Nilijua nikikaa sitainuka.

Karani alikuwa mtu wa kazi yake. Alisema ule udongo unaweza kuficha mifupa midogo, lazima umwagwe utazamwe. Wakaumwaga njiani, kwenye ardhi nyekundu kati ya makaburi, wakautandaza kwa chepe, wakaupondaponda. Karani akainama, akatazama, akajinyoosha, akasema kwa sauti huku akiandika: "Hakuna kitu."

Maître alinishika bega. Alikuwa anafurahi, maskini, alishindwa kuficha. "Mama, tuko na ushahidi!" akaninong'oneza. Nguo na viatu vikatiwa ndani ya gunia, gunia likafungwa kwa lakiri, likaenda tribinali kuwa ushahidi. Wachimba kaburi wakauliza: tufukie? Tufukie nini? Wakafukia shimo tupu, wakaung'oa msalaba kwa sababu sasa ulikuwa unasema uongo uliothibitishwa na serikali, wakanipa niubebe. Karatasi za kesi mpya, alisema Maître, zitakuwa mezani Jumatatu, pamoja na ombi la kurudisha amri ya kona.

Jumapili, tukitoka misa, nilipinda kona ya nyumba, nikaingia jikoni kuangalia maharage, nikainua macho.

Mti haukuwepo.

Nilifikiri ni ukungu. Nikafuta macho kwa upindo wa kitenge. Pale palipokuwa na kichwa cha muyombo palikuwa na mbingu, na chini ya mbingu ukingo mpya wa kilima, umekatwa wima, safi, na lori la njano likipanda polepole limejaa. Nilipiga yowe ambalo sijui lilitoka wapi, majirani wakaruka ua. Walinishika nisikimbilie uzio, nikawauma, ndiyo, niliwauma watu mikono. Nilitaka kwenda kusimama barabarani mbele ya malori. Lori lipi? Yalikuwa yanapita mengi, yote yamefunikwa turubai, na mwanangu yuko ndani ya mojawapo, au alipita jana, au amebaki kidogo pale na kidogo huku. Hilo ndilo nililokwenda tribinali kulizuia.

Maître alifika jioni. Alikaa kwenye kiti changu cha jikoni na koti lake kubwa, akatazama kule. Mwishowe akasema kwamba hoja zote bado zipo. Alisema mama, hatujapoteza haki hata moja. Nilimtengea chakula kwa sababu hakuna namna nyingine ya kumfukuza mtu kwa adabu.

Usingizi haukuja, na kichwa changu kikarudi kwenye beseni. Lile beseni la shemeji. Udongo wa mdomoni mwa shimo, chini ya muyombo. Kilima kimekwenda, mti umekwenda, na kipande pekee cha mahali pale kilichokuwa kimebaki duniani tulikuwa nacho, tulikiweka vizuri ndani ya sanduku, karibu na baba yake, chini ya jina lake. Na mimi nimekwenda kukitoa, nikakimwaga njiani, ili niandikiwe kwamba si kitu.

Asubuhi nilikwenda makaburini peke yangu. Mvua ilikuwa imenyesha kidogo, udongo umesukwasukwa, watu wamepita, lakini kwenye ule wekundu chembe za kijani zilikuwa zinaonekana vizuri, zimeoshwa. Nilipiga magoti njiani nikaanza kuokota. Moja moja. Nilivua kitambaa cha kichwa nikaziweka humo. Waliopita walinisalimu wakidhani natafuta sarafu iliyoanguka. Nilipata konzi moja, labda zaidi kidogo. Vumbi lenyewe lilikuwa limeshakwenda na maji.

Kwenye njia ya kurudi kuna wanunuzi wa madini, wamekaa chini ya maturubai yao na mizani na ile mashine ndogo ya mkononi ya kupima shaba iliyo ndani ya jiwe. Mmoja aliona kijani kwenye kitambaa changu. "Mama, leta tupime!" Nikasema haiuzwi. Akacheka, si kwa ubaya, akainuka akaja, akaielekeza mashine yake kwenye kitambaa kabla sijakifunga. Akasoma, akatikisa kichwa akinionea huruma. "Mama yangu, umejichosha bule. Humu hamuna kitu."

Nilifunga kitambaa nikaenda nyumbani. Nikatoa mkeka, nikautandika uwanjani, nikawasha moto ingawa jua lilikuwa juu. Mkamwana alikuja kuketi, nikamkatalia. Nilimwambia wewe ulishazika, ulishaoga, nenda ndani kachane nywele, wale wazee wa Lubudi wakirudi wakukute umechana. Hawajarudi. Shemeji alifika, akaona mkeka, hakusema "nilikuambia". Alikaa mbali kidogo, akatazama ardhi. Simu ikalia, ni Maître, anasema kesi mpya imepokelewa, hoja zetu zote zimo ndani, nzima. Nikamwambia asante, Maître.

Kuna mama mmoja aliyehamia mtaa wetu karibuni kutoka Fungurume, hatujui sisi, nasi hatumjui. Alikuwa anapita na ndoo yake ya maji, akaona mkeka na moto, akasimama mlangoni pa lupango. Akaitua ndoo, kama inavyopasa.

"Pole, mama. Nani amekufwa?"

"Mutoto wangu," nikasema.

"Mungu wangu. Lini?"

"Jana."

Akavua viatu, akaja akaketi kando yangu mkekani, akaanza kulia kwa sauti, na mimi nikamwacha alie.